Nyumba ya Mzee Chabani Ukingoni

19 Februari

Leo nimeanza. Nimepiga picha za harusi za Buyenzi kwa miaka mingi. Nimepiga filamu za mashirika, zile ambazo watu wananawa mikono huku wakitabasamu. Jina langu huandikwa mwishoni kwa herufi ndogo, likiandikwa. Sasa Adolphe amenikabidhi kamera ya filamu ndefu, filamu ya kweli, ya kuonyeshwa mpaka nje. Adolphe ndiye mwongozaji. Alizaliwa hapa Bujumbura, akasomea Ubelgiji, na amerudi na lenzi ambazo sijawahi kuzishika. "Raihana, macho yako ndiyo filamu yenyewe," aliniambia. Nilijifanya sikusikia ili arudie.

Mahali ni Kanyosha, ukingoni mwa mto. Mto uko chini kabisa, ndani ya korongo, na kila mvua zikija unakula kingo zake. Juu ya ukingo kuna nyumba ya Mzee Chabani, fundi wa bati anayetengeneza mbabula, yale majiko ya makaa, na mkewe Mama Sikuzani. Watoto wao wanaishi mbali. Nyumba ni ya matofali ya kuchoma, na mabati ya paa aliyapigilia mwenyewe. Nyuma kuna mpapai, kisha choo, kisha hewa tupu.

Kamera nimeisimamisha kwa jirani yao, Odette, mama wa Uvira anayeuza ndagala, dagaa wa ziwani. Nusu ya nyumba yake ilikwenda na mto mwaka jana, anaishi katika nusu iliyobaki. Mto unapinda pale, kwa hiyo ukisimama kwenye ukuta wake unaiona nyumba ya mzee kwa nyuma, na ukingo wote. Adolphe anataka tupige picha ile ile kila tukija, lenzi ile ile, ili watu waone ardhi inavyopungua.

Tunachokingojea hakuna aliyekitaja kwa sauti.

23 Februari

Petroli imekwisha mjini. Hatukwenda. Jua kali.

28 Februari

Mvua ilinyesha milimani, huku kwetu matone tu. Lakini mto ulishuka ukiwa mwekundu na mnene, unavuta mawe, na mawe yalikuwa yanagongana kwa sauti iliyomfanya Méthode, fundi wetu wa sauti, avue kaske zake masikioni ili aisikie kwa kifua. Nilikuwa nimeshaelekeza lenzi nilipoona choo cha mzee kinainama. Kilisimama kidogo hivyo, kama mtu anayetafuta kitu alichoangusha. Kisha hakikuwepo.

Nimekipata chote, mwanzo mpaka mwisho, picha imetulia, haikutikisika hata kidogo. Adolphe alinikumbatia. Nilikuwa nacheka. Nilipogeuka nikamkuta Mama Sikuzani amesimama nyuma yetu na kanga begani.

"We mutoto," akaniuliza, "unacheka nini?"

Akarudi kwake taratibu.

6 Machi

Mpapai umebaki na mizizi nje. Picha ile ile. Hakuna mvua.

12 Machi

Ramadhani imeingia. Nimefunga na kamera begani, na midomo imekauka kama karatasi. Jioni Mama Sikuzani alinizuia nisiondoke na wenzangu. Tulifuturu watatu, yeye, mzee na mimi, uji na tende na ndagala alizotuletea Odette, ambaye ni Mkristo lakini anajua saa ya kufuturu kuliko mimi. Mzee alinionyesha viungo vya mabati: jinsi alivyoyakunja ukingoni ili upepo wa ziwani usiyaingie. Anaongea polepole, na mikono yake inaongea kabla ya mdomo.

Nilimwuliza kama haogopi.

"Kuogopa, naogopa," alisema. "Lakini sasa muko hapa."

Nilidhani ni maneno ya ukarimu.

16 Machi

Mvua asubuhi, jua mchana. Mpapai haupo. Hatukuwepo ulipoanguka na Adolphe amenuna siku nzima.

21 Machi

Nimekaa na hili tangu mchana na bado sijui nilishike wapi.

Nilifika mapema kuliko wenzangu. Odette alikuwa anatandaza ndagala zake juani. Akaniuliza, bila kuinua macho, ule ukuta utaanza lini.

"Ukuta gani, mama?"

"Ule wa mawe. Ya kufunga na waya. Ya kuzuia mto." Akaniangalia sasa. "Muzee alituambia. Adolphe alimuambia, filamu ikifika kule inje, wazungu wataona, watakuja kujenga ukuta. Ndiyo maana iko anangoja. Mudogo wake wa Carama alimupatia kiwanja tangu mwaka jana. Angekuwa amehama zamani."

"Mimi sijasikia habari ya ukuta."

"Basi uulize. Mi nilimuambia, muzee, mi nyumba yangu ilienda, hakuna kamera, hakuna ukuta. Akaniambia, wewe hukuwa na watu wa kukupiga picha."

Siku zote hizi nimekuwa nikijiuliza mtu mwenye akili kama yake anabaki pale kwa nini. Nilifikiri ni ukaidi wa uzee. Niliupiga hata kwa namna hiyo: uso wake kwa karibu, macho yakiangalia korongo, mkaidi, mzuri. Kumbe nilikuwa nampiga mtu anayetungoja sisi.

22 Machi

Nimemwuliza Adolphe ndani ya gari, Méthode amekaa nyuma.

"Sikumwahidi kitu," alisema. "Nilisema labda. Nilisema filamu zinaweza kubadilisha mambo. Ni uwongo?"

"Yeye amesikia ukuta."

"Mtu anasikia anachotaka kusikia."

"Basi mwambie leo kwamba hakuna ukuta."

Akaendesha mpaka tukafika barabara ya ziwani. Kisha akasema kwa sauti ya chini, si ya hasira, na hiyo ndiyo iliyonitisha: "Akihama, hatuna filamu, Raihana. Wewe huna, mimi sina. Unajua kazi hii itakufikisha wapi?"

Najua. Nimeota nikiwa macho. Ndiyo maana nilishuka nyumbani bila kusema neno lingine.

24 Machi

Nimekwenda peke yangu, bila kamera. Mzee alikuwa anagonga bati la mbabula. Nilimwambia yote: kwamba filamu itachukua mwaka au zaidi kukamilika, kwamba watakaoiona ni watu wamekaa kwenye viti gizani, kwamba hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kuongea na mtu yeyote habari ya ukuta.

Aliweka nyundo chini.

"We ulijua tangu lini?"

"Tangu Alhamisi, baba."

"Na ile siku choo kilianguka, ulifikiri mi nangoja nini hapa?"

Nikasema nilifikiri anaipenda nyumba.

Hapo ndipo alipokasirika. Sijawahi kumsikia akipaza sauti. "Nyumba! Nani anapenda nyumba iko inaanguka? Mi ni mupumbavu? Nenda kwako. Nenda, mwanangu, kabla sijasema mubaya na nimefunga."

Mama Sikuzani alinisindikiza mpaka barabarani. Alinishika mkono njia yote.

27 Machi

Mama Sikuzani amenipigia simu. Mzee ameanza kung'oa madirisha. Wanahamia Carama. Akasema mzee amesema tukitaka tuje tupige, maana hata kuhama ni kazi ya kuonwa.

Nimelia kidogo jikoni, mama yangu akadhani ni njaa ya funga.

30 Machi

Carama iko upande mwingine wote wa mji, na gari la kubeba nyumba nzima bila petroli hakuna. Anayeweza kupata lori lenye mafuta ni Adolphe peke yake, kwa watu anaowajua. Alikuja leo akiwa na mpango.

"Mzee, Jumatano naleta lori. Milango, madirisha, vitanda, toeni vyote. Lakini mabati yaache mpaka Jumatano. Tuyashushe siku moja, lori likiwa hapa."

"Na mvua?"

"Wanasema hakuna mvua kubwa mpaka wiki inayokuja." Kisha akaongeza, na hapa nilijua neno lenyewe limefika: "Nyumba ikiwa na paa inaonekana ni nyumba. Bila paa watu wataona kifusi tu."

Mzee hakumwangalia Adolphe. Aliniangalia mimi, kama mtu anavyomwangalia jamaa yake katikati ya wageni. Kamera ilikuwa inaenda. Nikaweka jicho langu kwenye kioo chake na kurekebisha mwanga ambao haukuhitaji kurekebishwa.

"Sawa," mzee akasema. "Jumatano."

31 Machi

Mawingu juu ya milima ya Congo. Sijaandika zaidi kwa sababu sina la kuandika ila kwamba ningeweza kusema na sikusema.

2 Aprili

Naandika na matope bado kwenye kucha.

Leo Jumanne, mvua ilianza kabla ya daku na haikuacha. Asubuhi nilimpigia Adolphe, akawa ameshatoka, anatupitia. Njiani maji yalikuwa yanavuka barabara.

Tulipofika mzee alikuwa juu ya paa. Ameanza kushusha mabati mwenyewe, amefunga, mvua inampiga mgongoni. Mama Sikuzani yuko chini anayapokea moja moja na kuyaburuta mpaka mbele ya nyumba. Majirani wawili watatu wanayabeba kwenda barabarani. Méthode alipanda ngazi akambandika mzee mikro ndogo ndani ya koti. Mzee alimwacha, kama mtu asiyeona hata anachofanyiwa. Mimi nikaenda mahali pangu kwenye ukuta wa Odette. Niliweka lenzi ndefu. Sitajidanganya: vidole vyangu vilijua kazi yao na vilifurahi.

Kwenye kioo niliona kitu ambacho walio pale nyumbani hawakuweza kukiona. Kati ya ukuta wa nyuma na ardhi palikuwa na mstari mweusi. Nilidhani ni maji. Nikasogeza picha karibu. Mstari ulikuwa unapanuka. Ukafunga tena kidogo, ukafunguka zaidi, na udongo wa chini ukawa unadondoka polepole kama unga kwenye chekeche.

"Tokeni!" nikapiga kelele. "Baba! Shuka!"

Mvua juu ya mabati yaliyobaki ilikuwa kubwa kuliko sauti yangu. Méthode alikuwa kando yangu na kaske masikioni, uso umebadilika rangi. Alikuwa anamsikia mzee kama yuko ndani ya kichwa chake. "Anahema," alisema. "Anamwambia mama yamebaki machache. Anasema Bismillahi kila msumari." Tulimsikia kila pumzi na hatukuwa na njia ya kumrudishia hata neno moja.

Nikaiacha kamera.

Adolphe alinidaka mkono. "Raihana! Ndiyo hii! Ndiyo hii!" Nilijinyofoa. Nilipokuwa naruka matope nilimwona kwa pembe ya jicho akiinama kwenye kamera mwenyewe.

Mama Sikuzani alikuwa ndani, chini ya sehemu ambayo bado ilikuwa na paa, anakusanya vyombo vya mwisho. Nilimshika kiunoni. "Ukuta, mama, ukuta unaondoka!" Akataka kugeuka kumwita mumewe, nikamvuta, tukaanguka wote wawili mlangoni, pale palipokuwa mlango. Odette akafika, akamshika mkono mwingine. Tukamtoa hivyo, magoti yake yakiburuta kwenye matope, naye akiita jina la mumewe bila kuweka "mzee" wala "baba fulani" mbele yake. Chabani. Chabani. Sijawahi kumsikia akimwita hivyo.

Alisikia. Niliona kichwa chake kinageuka. Alikuwa ameshika bati moja, limeshang'oka nusu. Angeliachia angeshuka kwa ngazi. Hakuliachia. Au liligoma kumwachia, sijui.

Ukuta wa nyuma uliondoka kimya kimya. Hiyo ndiyo nitakayoikumbuka, kwamba haukuwa na kishindo, kishindo kilikuja baadaye, kutoka chini. Mbao za paa zilivunjika katikati na mzee akateleza na bati lake kuelekea korongoni. Bati likakwama kwenye mbao iliyobaki, naye akabaki amening'inia mkono mmoja, ukingo wa bati ukimkata vidole. Tulimwona amelishika, damu inamtoka, na haachii.

Jirani mmoja alileta kamba. Odette alilala kifudifudi kwenye matofali, mwili mzima, mwanamke ambaye mto umeshamlia nusu ya nyumba, na akamtupia. Alikosa. Akavuta, akatupa tena. Mzee akaikamata kwa mkono wa kushoto na kuizungusha kwapani. Tulivuta. Nilivuta. Wakati fulani nilihisi mtu nyuma yangu anavuta pia, ananguruma, na nilipogeuka alikuwa Adolphe.

Tulimtoa. Nyumba iliyobaki ilikwenda wakati tumeshamlaza barabarani, na nadhani hakuna aliyeiangalia.

3 Aprili

Wamemkata vidole viwili vya mkono wa kulia. Kingine hawajui kama kitaishi.

4 Aprili

Mvua. Mama Sikuzani amelala Buyenzi kwetu. Anafunga kama kawaida.

10 Aprili

Idi. Mzee ametoka hospitali jana, wako Carama kwa mdogo wake. Tumekwenda na mama yangu kuwapa mkono wa Idi. Mabati waliyookoa yamelala uani, yamefunikwa turubai. Mzee alikula kwa mkono wa kushoto, na kila tonge lilipoanguka hakuna aliyeliona.

Adolphe ananipigia, sipokei. Ameniandikia ujumbe kwamba anapiga simu kwa mkono ule ule uliovuta kamba.

18 Aprili

Nimempokea.

Tulikutana kwake. Alinionyesha. Kamera aliishika mpaka mzee aliponing'inia. Hapo ndipo alipoiacha na kukimbia, nayo ikabaki inaenda yenyewe juu ya ukuta wa Odette. Kwa hiyo yote imo. Ukuta unavyoondoka. Mimi na Mama Sikuzani mlangoni. Odette kifudifudi. Adolphe mwenyewe anaingia kwenye picha kutoka kulia, anateleza, anainuka. Ni picha kubwa kuliko zote nilizowahi kuona za mji wetu, na nusu yake hakuna mtu aliyeshika kamera.

"Nisipoiweka, nitakuwa nimemkata vidole bure," alisema. "Nikiiweka, ni mimi niliyemwacha juu ya paa."

Ndiyo mara ya kwanza amesema hivyo. Nilikuwa nimejiandaa kumchukia na nikashindwa kumaliza.

"Si sisi wa kuamua," nikamwambia.

24 Aprili

Siku kadhaa zimepita na Adolphe hajaamua. Nimemwambia ama tunakwenda Carama wote ama namwachia filamu yake.

28 Aprili

Tumekwenda. Adolphe, Méthode na mimi. Mvua ilikuwa imepumzika na uwanja wa Carama umejaa mahindi mabichi mpaka mlangoni. Tuliwaonyesha kwenye kompyuta, ndani, pazia limeshushwa. Odette alikuja pia, amepanda basi kutoka Kanyosha, na kifurushi cha ndagala mapajani.

Mama Sikuzani alifunika uso pale aliposikia sauti yake ikimwita Chabani, na hakufunua. Mzee aliangalia yote. Ilipokwisha alibaki amekaa, mkono wenye bendeji umelala juu ya goti kama kitu alichoombwa kumtunzia mtu.

"Iyo ni mi," alisema mwishoni. "Nilikuwa nafikiri niliachia bati mara moja. Kumbe sikuachia."

Adolphe akasema, "Mzee, ukisema tuifute, tunaifuta leo. Hapa hapa."

"Apana. Muionyeshe." Akainua macho. "Lakini muonyeshe na pale ulisema tuache paa. Uko nayo?"

Adolphe aliinamia kompyuta. Méthode akajibu kwa niaba yake: "Iko, muzee. Sauti na picha."

"Basi iweke kwanza. Watu wakiniona juu ya paa, wajue nilipanda juu yake namna gani. Na usiweke ile sauti tu peke yake. Ukae, uniambie mbele ya ile kamera yako, kwa nini."

Hakukuwa na hasira ndani yake. Ingekuwepo, ingekuwa rahisi zaidi. Mdogo wake alitoa kiti cha plastiki akakiweka uani kando ya turubai. Adolphe akaketi. Nikasimamisha kamera, mikono yangu mizito, na Mzee Chabani akasimama karibu na bega langu ili Adolphe amwangalie yeye.

"Kwa nini ulisema nyumba ikae na paa?"

"Nilitaka ionekane vizuri ikianguka." Alimeza mate. "Nilijua mvua inaweza kuja, mzee. Niliona mawingu kama mlivyoyaona. Nikasema mwenyewe, siku chache tu."

"Ilionekana vizuri?"

Machozi yalimtoka Adolphe na hakuyafuta. "Ndiyo," alisema. "Ilionekana vizuri."

Mzee alitikisa kichwa, taratibu, kama fundi aliyepewa kipimo alichokiomba. Akaenda kuketi kivulini. Nilidhani tumemaliza, nikanyoosha mkono kuzima.

"Bado," Mama Sikuzani alisema. Alikuwa amesimama mlangoni, macho mekundu, kanga begani kama siku ile ya choo. "Na we, mwanangu. Ulituambia habari ya ukuta, Mungu akulipe, bila we tungekufa mule ndani. Lakini ile siku ya paa ulikuwepo. Muzee alikuangalia. Mi nilimuona akikuangalia."

"Ndiyo, mama."

"Ulikuwa wapi?"

"Nyuma ya kamera."

"Basi toka nyuma."

Adolphe aliinuka. Tulipishana katikati ya uwanja bila kuangaliana. Akaenda kuinama pale nilipokuwa nimesimama mimi, nikaketi. Kiti kilikuwa bado na joto lake.